Picha Inakwenda Wapi?

Binti mmoja wa Morogoro ameniandikia ujumbe mrefu. Kamera kainunua kwa mkopo wa kikoba, ana mwaka na ushei anapiga harusi na mahafali, na sasa amechoka kubembelezana na wateja wanaotaka picha kumi kwa bei ya chipsi mayai. "Shikamoo dada," anasema, "nifanyeje nipate kazi za mashirika kama wewe? Na ninunue lenzi gani?" Mwishoni akaongeza kwamba mambo ya kumkalisha mtu kwenye stuli mbele ya pazia yamepitwa na wakati, yeye anataka kufanya sanaa.

Marahaba mdogo wangu. Siku ile nilikujibu kwa mkato maana nilikuwa kwenye singo ya watu, shughuli ya wanawake ya kumwandaa bibi harusi, Chumbageni hapa Tanga, mkono mmoja kamera, mwingine flashi. Leo nakujibu kwa kirefu, tena hadharani, kwa sababu wanaoniandikia wengi wanataka hayohayo: lenzi, mashirika, sanaa. Sijampata hata mmoja wa kuniuliza, mtu akishakaa kwenye ile stuli, unamwambia nini. Na kwangu mimi kazi nzima iko hapo.

Lenzi nimalize kabisa isitupotezee muda. Ya milimita 50, inayofunguka hadi f/1.8, yaani inayoingiza mwanga mwingi. Ni ya bei nafuu, na iliyotumika haina ubaya mradi kioo kisiwe na ukungu ndani, hasa kama muuzaji ni wa pwani huku kwetu. Hela itakayobaki nunua betri ya pili na haradi diski. Basi.

Mimi kazi nimejifunzia Ngamiani, Tanga, kwa mzee mmoja aliyekuwa na studio kwenye mojawapo ya zile barabara zetu za namba. Mikanda ya filamu ilikuwa inaelekea mwisho, wasafishaji wa picha za rangi wanafunga mmoja baada ya mwingine, lakini yeye chumba chake cha giza bado kinafanya kazi. Miaka ya mwanzo siisimulii, ni ya kufagia, kukata paspoti na kutumwa chai. Mzee hakuwa na maneno mengi. Ila hakuna mteja aliyemkalisha bila kumuuliza: "Picha inakwenda wapi?"

Inakwenda Maskati kwa baba mdogo: kijana akalishwe wima, kanzu inyooshwe, saa ya mkononi ionekane. Inakwenda kwa wakwe: nilete maua ya plastiki, na dada ainamishe macho kidogo, asiikazie kamera. Inakwenda Uhamiaji: uso mtupu, masikio yote mawili nje, hakuna kucheka. Inakwenda kwa mama, Lushoto au Handeni huko: piga mwili mzima mpaka viatu, maana mama anataka kuhakikisha kwamba mwanawe anakula na anavaa. Wapo waliojibu "haiendi popote, ya kwangu mwenyewe," na hao ndio mzee aliwachukulia muda mrefu kuliko wote. Alizima redio.

Nimehudhuria semina nyingi tangu wakati ule, nyingine za wageni kutoka Ulaya, zenye cheti na chakula cha mchana. Sijapata somo linalozidi lile swali.

Baadaye nilipoanza kufuatilia habari za wapiga picha wakubwa wa Afrika, nikakuta wote wanalijua, kila mmoja kwa njia yake. Chukua Seydou Keïta wa Bamako, Mali. Alikuwa fundi seremala. Kamera yake ya kwanza, Kodak ndogo, aliletewa mwaka 1935 na mzee wa ukoo wao aliyekuwa ametoka safari ya Senegal. Mwaka 1948 akafungua studio mtaa wa Bamako-Koura, jirani na stesheni ya ile reli inayotoka Dakar, na wateja wakawa hawakatiki. Pazia lake la kwanza lilikuwa shuka la kitandani kwake, lenye matamvua. Alipiga uani, kwa mwanga wa jua, kwa kamera kubwa ya negativu (ile filamu ambayo picha inachapwa kutoka kwake) za sentimita 13 kwa 18, na kwa kawaida mteja alipigwa mara moja tu kwa sababu negativu ilikuwa ghali. Mara moja! Ninyi mnaopiga mia tatu ili mpate kumi za kumpa bibi harusi, hebu litafakarini hilo kidogo.

Kabla ya ile mara moja ndipo kazi ilipokuwa. Keïta alikuwa na suti, tai, saa, kalamu ya wino, redio, hata Vespa, kwa yeyote aliyetaka kupigwa navyo. Wanawake waliokuja na magauni yao mapana aliwatandazia kitambaa hadi kikajaa picha nzima, na mikono akaiweka mahali pa kuonekana, vidole na pete. Asiye na gari aliegemea gari la Keïta. Watu wa semina wanaita hiyo kujidai. Mimi naiita adabu. Mtu haendi ukweni na nguo za shambani, kwa nini picha yake iende nazo?

Hapa nikupe na dokezo ambalo hukuniomba. Keïta alikuwa akibadilisha pazia kila baada ya miaka miwili mitatu, kwa hiyo uzeeni aliweza kukutajia picha ni ya mwaka gani kwa kuliangalia pazia tu. Wewe unayenunua pazia jipya la Kichina kila mwezi kwa sababu umeliona Instagram, tulia na moja. Litakuja kukusaidia.

Halafu kuna Samuel Fosso, huyu nampenda kuliko wote. Alizaliwa Kamerun mwaka 1962, akalelewa Nigeria, akapitia vita vya Biafra akiwa mtoto. Mwenyewe amesimulia kwamba utotoni hakupigwa ile picha ambayo watoto wenzake walipigwa, kwa sababu alikuwa na kupooza. Baada ya vita akachukuliwa na mjomba wake hadi Bangui, Jamhuri ya Afrika ya Kati, na mwaka 1975, akiwa na miaka 13, akafungua studio yake mwenyewe. Mchana aliwapiga wateja. Jioni, zikibaki nafasi kwenye mkanda, badala ya kuziacha zipotee alijipiga mwenyewe: miwani mikubwa, suruali ya bugaluu, viatu vya kisigino kirefu. Zilikuwa zinakwenda wapi? Kwa bibi yake Nigeria, aone kwamba mjukuu wake ni mzima na amekua. Leo picha zile ziko kwenye makumbusho makubwa ya dunia, na wenye elimu wanaziandikia vitabu. Sawa, waandike. Lakini zilipigwa kwa ajili ya bibi, na ndiyo sababu zina nguvu.

Usije ukadhani ni huko magharibi tu. Unguja, Mji Mkongwe, Capital Art Studio ilifunguliwa na Ranchhod Oza mwaka 1930, na tangu hapo ukoo huohuo ukawa unapiga harusi, familia na wakubwa wa serikali. Mombasa, Parekh alianza studio yake miaka ya 1940, na waliokaa kwenye viti vyake walikuwa Waswahili, Wahindi, Waarabu na watu wa bara, kila mmoja na madaha yake. Lamu alikuwepo Omar Said Bakor, aliyejifundisha mwenyewe, akawa anakata na kuunganisha picha kwa mkono hadi mtu anatokea mahali ambapo hajawahi kukanyaga. Hiyo ni kabla hujasikia fotoshopu. Na Likoni, pale kwenye feri, miaka ya 1990 walikuwepo wapiga picha wenye vibanda vilivyopambwa kwa mapazia ya kuchora na maua, wakiwapiga watu wa bara waliokuja kutafuta kazi Mombasa. Picha zile zilikwenda kwao bara, kwa bahasha, kuwaambia waliobaki nyumbani: nimefika, mambo yananiendea vizuri.

Kwa hiyo unaponiambia pazia na stuli ni vitu vya kizamani na wewe unataka sanaa, mdogo wangu, sijui nikujibu nini. Mimi nilidhani ndiyo hiyo.

Tuje kwenye harusi, maana ndiko unga unakotoka. Nyie wa mjini mnapiga send-off ukumbini, taa za kila rangi, MC anapiga kelele. Huku kwetu zipo pia. Lakini zipo shughuli za wanawake peke yao, singo na usiku wa kupamba, ambako mwanamume haingii na simu zinakusanywa mlangoni kwenye beseni. Mle ndani mwanamke anayejifunika mwaka mzima amefungua nywele, ana hina mpaka kwenye kiwiko, anacheza. Anataka picha. Tena anataka sana! Ila anataka picha isiyotoka nje. Kwa hiyo swali la mzee wangu linakuwa zito mara mbili. Nikishamaliza, memori kadi nampa mama wa bibi harusi mkononi, mbele ya somo wake, yule anayemfunda, siendi nayo nyumbani. Kuediti nafanyia kwao, kwenye kompyuta yangu, mlango umefungwa. Kazi ikikamilika nafuta wakiwa wanaona. Sijaweka hata moja kwenye statusi kujitangaza, na najua wenzangu wameweka, na najua mume wa mtu alivyowajia mlangoni na hasira zake.

Nimekosa matangazo mazuri kwa ajili hiyo? Nimekosa. Lakini toka Pangani mpaka Mombasa kuna nyumba ambazo jina langu linatajwa kabla ya tarehe ya harusi haijapangwa. Wanaume wenye kamera za mamilioni hawawezi kuingia nilipo mimi. Nasema haya si kwa kujisifu. Haya, kidogo kwa kujisifu.

Kama unajitafutia tangazo, jipige mwenyewe. Félicia Abban wa Accra, Ghana, aliyefundishwa kazi na baba yake na kufungua studio Jamestown miaka ya 1950, alikuwa akijipiga picha kabla ya kutoka kwenda sherehe, amependeza, na picha zile zikawa ndizo za kuwaonyesha wateja anachoweza kukifanya. Mwaka 2019 zilitundikwa Venice, Italia, kwenye banda la Ghana katika maonyesho makubwa ya sanaa. Huhitaji siri za mtu mwingine ndipo upate wateja.

Jambo la rangi nalo siwezi kuliruka. Bibi harusi anakuja kwangu na picha za mpiga picha mwingine analia, katoka majivu. Jamani, ngozi zetu zinapendeza, tatizo ni jinsi mnavyopima mwanga. Kamera inataka kila kitu kiwe cha kijivu cha katikati. Uso mweusi ukijaa picha, yenyewe inauongezea mwanga hadi unachuja. Gauni jeupe likijaa, inapunguza mwanga hadi uso unazama. Pima usoni, kisha punguza mwanga kidogo uso usichuje, gauni utalishughulikia baadaye. Na ujue jambo hili lina historia: maabara za Kodak zilikuwa zinasawazisha rangi kwa kadi yenye picha ya mwanamke wa kizungu, zikaitwa kadi za Shirley, na kwa muda mrefu ngozi nyeusi ilitoka inavyotoka, hakuna aliyejali. Kilichokuja kuwasukuma, pamoja na mengine, ni malalamiko ya watengenezaji wa chokoleti na wa samani, kwamba rangi za kahawia za bidhaa zao hazitofautiani. Chokoleti ilisikilizwa kabla yetu. Sasa wewe, Mwafrika, na kamera uliyoinunua kwa jasho lako, unakwenda kumng'arisha mteja kwa filta hadi mama yake hamtambui? Picha inakwenda kwa mama yake!

Na misiba. Hamtaki kuizungumzia lakini ndiyo kazi nyingine ya picha zetu. Kwa ndugu zetu Wakristo picha ya marehemu inatangulia pamoja na msalaba mbele ya jeneza, inachapwa kwenye fulana, inakaa kwenye jalada la ratiba. Mara ngapi nimeletewa simu yenye ufa, picha ya marehemu yuko nyuma ya keki ya mtu, nusu ya sikio imekatwa, naambiwa "tutolee hapa"? Kila harusi ninayopiga, nikipata nafasi namvuta babu pembeni na bibi pembeni, kila mmoja peke yake, uso wima. Simwambii ni ya nini. Wao wanajua, na mara nyingi wananitania: "Hii ndiyo ya kwenda nayo, eh?" Siwatozi.

Haya. Mashirika.

Zile kazi nimezifanya, zinalipa, sikatai. Nitakusimulia moja tu, ambayo hadi leo nikiikumbuka chai hainipiti. Tulikwenda kijiji kimoja wilaya ya Muheza kumpiga mama mmoja wa kikundi cha ufugaji kuku kilichopewa msaada. Jina la shirika sitalitaja. Yule mama alijua tunakuja. Alikuwa amevaa kitenge kipya, kilemba cha kufanana nacho, na hereni ambazo baadaye aliniambia kaazima kwa jirani. Nikamuuliza swali langu la kila siku, anataka picha iende wapi. Akasema anajua inakwenda Ulaya, na kwa vile inakwenda Ulaya ndiyo maana amevaa, asije akaaibisha kijiji.

Afisa mawasiliano, kijana wa kwetu kabisa, Mswahili mwenzetu, akamwambia abadilishe. Akaleta na maelezo: wafadhili hawataelewa. Mama akanitazama mimi. Nikampiga vilevile alivyovaa, na kuku mkononi, anacheka. Ya nguo chakavu sikuipiga. Akaipiga yule afisa kwa simu yake baada ya kumshawishi mama avue kilemba. Picha ya simu ndiyo iliyowekwa kwenye bango na kwenye kalenda, na chini yake wala hapakuandikwa jina la yule mama. "Mnufaika," basi. Nusu ya pili ya malipo yangu sijaiona hadi leo, na wala sitaifuata, ingawa naweka kumbukumbu.

Nielewe vizuri. Sisemi njaa isipigwe picha. Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi aliyeanzisha kampuni yake Dar es Salaam mwaka 1963 akiwa kijana mdogo, ndiye aliyezipiga picha za njaa ya Ethiopia, Korem, Oktoba 1984, na dunia ikashtuka, misaada ikamiminika, watu wakapona. Mtu yule alipoteza mkono kwenye mlipuko wa ghala la silaha Addis Ababa mwaka 1991 na akarudi kazini. Alikufa mwaka 1996 kwenye ndege iliyotekwa na kuanguka Komoro. Huyo huwezi kumfundisha kazi. Lakini ile ilikuwa njaa kweli, na ilikuwa habari. Kilichofuata ni kwamba kila afisa mwenye bajeti ya kalenda anatutaka tubaki Korem, miaka zaidi ya arobaini baadaye, hata kama tuna kitenge kipya na kuku wanataga. Ukikubali kazi hizo, na utakubali, kwa kuwa kodi ya fremu haingoji, uliza swali lako mapema, tena mbele ya afisa. Muulize mama, msikilize mama, mpige mama alivyojiandaa. Kisha andika jina lake.

Jina! Hapa ndipo ninapotaka mniangalie usoni. Mwaka 1991 picha za Seydou Keïta zilionyeshwa New York kwenye maonyesho makubwa ya sanaa ya Afrika, na zikaandikwa kwamba mpiga picha hajulikani. Hajulikani na nani? Bamako mtu yule alikuwa hai, anajulikana mtaa mzima, negativu zake zimo kwenye masanduku yake. Picha alizowapa wateja alizigonga muhuri nyuma wenye jina lake. Negativu haina muhuri. Ilibidi mtu afunge safari kutoka Ulaya kwenda kumtafuta, na mwaka 1994 ndipo alipofanyiwa maonyesho yake mwenyewe Paris, ana zaidi ya miaka sabini. Na wale waliopigwa? Wale wanawake na vidole vyao na pete zao, wengi hadi leo tunawatazama bila kujua tuseme nani. Walikuwa na majina siku walipokuja.

Faili lako halina muhuri wala negativu, lina namba tu, DSC kadhaa kadhaa. Usiku huohuo, kabla ya kulala, andika: nani, wapi, tarehe, picha imekwenda kwa nani, na jina lako wewe. Kwenye daftari la karatasi na ndani ya faili lenyewe. Nakala mbili, sehemu mbili tofauti. Bangui mwaka 2014 nyumba ya Samuel Fosso iliporwa wakati wa machafuko, na negativu zake zikatupwa nje vumbini. Zilizookolewa ziliokolewa na waandishi wa habari waliokuwa wakipita. Wewe wa Morogoro, mvua ya masika ikiingia dukani, nani atakayekupitia?

Nasema kwa ukali kwa sababu nawaona mnavyopoteza. Mnapiga, mnatuma WhatsApp, simu ikijaa mnafuta. Mnalia hakuna historia ya upigaji picha Tanzania na ninyi ndio mnaoifuta kila Ijumaa ili mpate nafasi ya kupakua video. Mnataka kuitwa wasanii na hamjui aliyekaa mbele yenu jana anaitwa nani. Mtu anakuja, anavua viatu, anakaa, anakupa uso wake, na wewe unaangalia skrini. Muulize! Inakwenda wapi? Kisha kaa kimya, umsikilize.

Mimi daftari langu ndilo lililonipatia maonyesho. Nilikuwa nimesoma habari za J.D. 'Okhai Ojeikere wa Nigeria, aliyeanza mwaka 1968 kuipiga misuko ya wanawake, mingi kwa nyuma, pazia jeupe, mmoja baada ya mwingine kwa miaka mingi, hadi akaacha hazina ambayo hakuna mtu mwingine anayo. Nikajiambia, misuko tunayo na sisi. Nikaanza na wateja wangu wa kawaida waliotoka saluni: twende kilioni, mabutu, yeboyebo, vitunguu, na ile ya zamani ya nyuzi ambayo sasa wanaiita mitindo mipya. Kila kichwa na jina lake, na jina la msusi, kwa sababu msusi naye kafanya kazi. Mwaka huu nimezitundika ukumbi mmoja hapa Tanga. Wapiga picha wa Dar walioniahidi kuja hawakuja, nimewaona. Ila wasusi walikuja. Walikuja na wateja wao na mashoga zao, wakawa wanatafuta majina yao ukutani, na mmoja akagombana nami nusu saa kwa kuwa msuko wake nimeuandika wa mwenzie. Nilifungua daftari, tukasoma pamoja. Daftari lilikuwa sahihi, akakubali kwa shingo upande, na kesho yake akarudi na binti zake watatu wapigwe.

Bei sasa, maana najua utauliza. Usishushe kwa sababu jirani ana simu mpya. Picha ya paspoti toza wanavyotoza wenzako mtaani, hiyo ni ya kuvuta watu. Picha ya kukaa kwenye stuli toza kwa muda, siyo kwa idadi. Harusi, kianzio ni nusu, na nusu iliyobaki kabla ya albamu kutoka mkononi mwako. Asiyetoa kianzio simwandiki kwenye daftari, tarehe anaipata mwingine, hata kama ni binamu yangu. Hasa akiwa binamu yangu.